Dawa za mzee zinatumaliza na masikio bado hayasikii: tuanzie wapi?

Mwana wa Langoni (Lamu)

Assalaam alaykum ndugu zangu.

Ninaomba ushauri kuhusu baba yangu, mwenye umri wa miaka 72, ambaye kwa zaidi ya miaka 30 alikuwa nahodha wa boti ya abiria, kwanza njia ya Faza na baadaye njia ya Mokowe, akiketi hatua mbili tu kutoka kwenye mashine ya dizeli isiyofunikwa. Usikivu wake umepungua polepole kwa miaka kadhaa sasa. Jambo linalotutatiza ni kuwa si kwamba hasikii kabisa: akiitwa hugeuka, adhana anaisikia, lakini maneno humchanganyikia. Mwezi uliopita nilimwambia kuwa fundi wa dau atafika saa sita, yeye akasikia saa tisa, akaenda zake sokoni, na fundi akagonga mlango mpaka akachoka. Nyumbani kila mtu sasa huzungumza kama aliye ng'ambo ya mkondo.

Pamoja na hayo ana presha, ambayo ametibiwa kwa miaka tisa, na kila anapokwenda kuonwa hurudi na dawa moja zaidi. Leo anameza aina saba. Kuna ya presha aliyoanza nayo, kisha nyingine ya presha iliyochanganywa aliyopewa kwingine mwaka jana, vidonge vya kutoa maji baada ya miguu kuvimba, asipirini, dawa ya tumbo, na mbili zinazoitwa za masikio: kopo la vidonge vya mmea wa ginko "vya kufungua mishipa", na betahistini, ambayo naona imeandikwa kuwa ni ya kizunguzungu, ingawa baba hajawahi kulalamika kizunguzungu. Jumla ni shilingi 7,500 kwa mwezi, na mimi ndiye ninayelipa.

Sasa jirani amenionyesha kwenye simu habari ya watoto waliozaliwa viziwi wakasikia baada ya kudungwa dawa sikioni mara moja tu. Je, utafiti huo unamhusu mzee kama wangu? Na pili, nimesikia kuwa kuna wafamasia wanaoweza kupitia dawa za mtu na kumpunguzia gharama bila kumhatarisha. Hilo linafanywaje, na mtu huanzia wapi?

---

Mfamasia wa Shela (Shela ya Malindi, si yenu ya Lamu)

Wa alaykumu ssalaam, ndugu yangu. Naomba nianze na swali lako la pili, kwa sababu ndilo lililo karibu na mfuko wako, na kwa sababu nilipokuwa nikisoma orodha ya baba kuna mambo mawili yaliyonishtua. Lakini kwanza nikuombe sana usimwachishe dawa yoyote kwa sababu ya maneno yangu hapa. Presha ikiachiwa ghafla haibishi hodi.

Kusanya dawa zote, si orodha yake, bali dawa zenyewe pamoja na masanduku, zikiwemo zile za zamani zilizo mtotoni mwa kabati, na kopo alilopewa na rafiki. Zitie katika mfuko mmoja, umpelekee mfamasia aliyesajiliwa na Bodi ya Dawa na Sumu, ambaye cheti chake utakiona ukutani. Usiende saa za msongamano. Mwombe nusu saa ya utulivu, na mwambie waziwazi kuwa hukuja kununua bali kupitia. Kazi yenyewe ni kukitazama kila kidonge na kuuliza kiliandikwa kwa sababu gani, kama sababu hiyo bado ipo, na kama hakuna kingine kinachofanya kazi ileile. Wahenga walisema mali bila daftari hupotea bila habari, na mfuko wa dawa usiopitiwa kwa miaka tisa ni mali ya namna hiyo.

Sasa yale mawili. Tazama sanduku la ile dawa "iliyochanganywa". Jina la kampuni huandikwa kwa herufi kubwa za rangi, na chini yake, kwa herufi ambazo mtu wa miaka 72 hawezi kuzisoma, ndipo yalipo majina ya dawa zenyewe. Mchanganyiko ulioenea sana ni wa losatani na amlodipini. Ikiwa dawa ya kwanza ya baba pia ni amlodipini, basi anaimeza mara mbili kila siku kwa majina mawili tofauti. Kiwango cha juu cha amlodipini kwa mtu mzima ni miligramu 10 kwa siku, na mojawapo ya madhara yake yanayofahamika sana ni kuvimba vifundo vya miguu, hali ambayo huzidi kadiri kiwango kinavyozidi. Uvimbe huo hautokani na mwili kujaza maji, bali na mishipa midogo iliyotanuka na kuvujisha, na ndiyo maana vidonge vya kutoa maji haviuondoi vizuri. Kwa hiyo huenda mzee anatibiwa madhara ya dawa kwa dawa nyingine, huku akiamka usiku mara nne kwenda msalani.

La pili ni asipirini na dawa ya tumbo. Ikiwa baba hajawahi kupata shambulio la moyo wala kiharusi, ni haki kumuuliza daktari kama asipirini bado inamfaa. Utafiti mkubwa uliofanywa Australia na Marekani, uliochapishwa mwaka 2018 na kuwahusisha wazee wapatao 19,000 waliokuwa na afya njema, ulionyesha kuwa asipirini ya kila siku haikuwakinga na maradhi ya moyo kwa kiasi cha maana, bali iliwaongezea kuvuja damu. Na mara nyingi dawa ya tumbo huwa imeletwa na kiungulia cha asipirini hiyohiyo.

Kuhusu bei, nakuomba usiogope dawa za jeneriki. Hataza ya amlodipini, yaani haki ya kampuni iliyoibuni kuitengeneza peke yake, ilikwisha Marekani mwaka 2007, na tangu hapo viwanda vingi hutengeneza kitu kilekile. Hapa kwetu Sheria ya Mali ya Viwanda ya mwaka 2001 ilifungua mlango wa kuingiza dawa za bei nafuu, na mwaka 2012 Mahakama Kuu ilikataa tafsiri ya sheria ya bidhaa bandia ambayo ingeweza kuziweka jeneriki halali katika kapu moja na dawa ghushi. Unachopaswa kuangalia ni kuwa imesajiliwa, kwamba sanduku halijafunguliwa, na kwamba humbadilishii mzee kiwanda kila mwezi, maana kidonge kilichokuwa cheupe kikigeuka cha manjano ndipo wazee humeza vyote viwili.

Nikiri jambo moja ambalo wenzangu hawapendi lisemwe: mimi ni muuzaji, na kila kidonge ninachokuondolea nimekiondoa katika mauzo yangu. Ndiyo maana nchi zilizofanya kazi hii kwa mpango huwalipa wafamasia kwa muda wao, si kwa masanduku. Katika mji wa Asheville, jimbo la North Carolina huko Marekani, katika miaka ya 1990, wafanyakazi wa mji wenye kisukari walipangiwa kukutana na mfamasia mara kwa mara. Gharama zao za matibabu kwa jumla zilishuka, ingawa, na hili watu husahau kulisimulia, matumizi ya dawa zenyewe yalipanda, kwa sababu watu walianza kumeza zile walizostahili. Uingereza nako, ripoti ya serikali ya mwaka 2021 ilikadiria kuwa angalau asilimia 10 ya dawa zinazotolewa nje ya hospitali huko England hazikuhitajika. Kwa hiyo kupitia dawa si lazima kuwe kupunguza. Kwa baba yako, nionavyo, kutakuwa kupunguza.

Ginko na betahistini nimeziacha mwisho kwa kuwa hazinisumbui sana isipokuwa kwa bei. Utafiti wa Ujerumani uliochapishwa mwaka 2016 ulilinganisha betahistini na kidonge kisicho na dawa kwa wagonjwa wa Ménière, maradhi ya sikio la ndani yenye kizunguzungu, ambao ndio hasa inaowalenga, na haukuona tofauti. Kwa mzee aliyepoteza usikivu kwa kelele za mashine, sijui inamtafuta nini. Ginko nayo haijathibitika kurudisha usikivu, na pamoja na asipirini inatiliwa shaka ya kuongeza uwezekano wa kuvuja damu.

---

Muuguzi wa Maweni (Malindi)

Namshukuru mfamasia. Naomba niongeze jambo kuhusu vile vidonge vya kutoa maji, ambavyo kwa kawaida huwa ni furosemaidi. Dawa hii yenyewe ni miongoni mwa zile zinazoweza kugusa sikio. Kwa kidonge kidogo cha kila siku hatari ni ndogo, na mara nyingi huondoka dawa ikiachwa, lakini ikikutana na sindano za kuua bakteria za jamii ya jentamaisini, hasa kwa mtu ambaye figo zake zimechoka, madhara huzidishana na huenda yasirudi nyuma. Je, mzee amewahi kulazwa na kudungwa sindano za namna hiyo? Hilo liandikwe katika faili lake, ili siku akilazwa tena daktari ajue kuwa masikio yake tayari yana deni.

Ninalisema hili kwa uchungu kidogo, kwa sababu nilifanya kazi miaka mingi katika kliniki ya kifua kikuu. Streptomaisini iligunduliwa mwaka 1943 na ikaokoa watu wasiohesabika, ila ilijulikana mapema kuwa hula usikivu na mizani ya mwili. Wagonjwa wa kifua kikuu sugu walidungwa dawa za jamii hiyo kwa miezi. Nilikuwa na kijana mmoja ambaye mwezi wa kwanza alinijibu kabla sijamaliza swali, mwezi wa tatu akawa ananitazama midomo, na mwezi wa tano akaja na daftari na kalamu. Alipona kifua. Mwaka 2018 Shirika la Afya Duniani lilielekeza kuwa kanamaisini na kapreomaisini ziachwe na matibabu yategemee vidonge, na nadhani hakuna utafiti wa sindano za kisasa uliookoa masikio mengi kama uamuzi huo wa kubadilisha orodha ya dawa. Kuna pia watu wanaorithi kutoka kwa mama badiliko dogo la chembe za urithi ambalo huwafanya wapoteze usikivu kwa dozi chache tu za dawa hizo. Kwa hiyo kama katika ukoo wa kuukeni kuna mtu aliyezibwa masikio baada ya sindano, mtaje kila mnapokwenda hospitali.

Na tahadhari moja kwa wote wanaosoma: usikivu ukipotea ghafla, katika sikio moja, kwa saa au siku chache, hiyo si ya kusubiri. Ni dharura, na vidonge vya prednisoloni, ambavyo ni vya bei ndogo, hufaa zaidi vikianzwa ndani ya siku za mwanzo. Wengi hutiwa matone ya nta kwa wiki tatu, mlango ukafungwa.

---

Mzaliwa wa Malindi, msomi wa biolojia (Kilifi)

Nijibu swali la sindano ya watoto, kwa maana habari hiyo ni ya kweli lakini imesafiri mbali na mipaka yake.

Sikio la ndani lina kifuko kilichojikunja mithili ya konokono, na ndani yake mna seli zenye vinyweleo zipatazo 15,000 tu katika kila sikio, idadi ambayo mtu huzaliwa nayo na haiongezeki. Wale watoto hawakukosa seli hizo. Walikosa protini moja, otoferlini, ambayo huiwezesha seli kupeleka habari kwenye mshipa wa fahamu: mlango upo, aliyeko ndani yupo, ila hakuna wa kupeleka ujumbe. Watafiti wa Shanghai walitumia virusi visivyodhuru kubeba maelekezo ya kutengeneza protini hiyo, na kwa kuwa maelekezo yenyewe ni marefu kuliko virusi kimoja kinavyoweza kubeba, waliyakata vipande viwili yaunganike ndani ya seli. Matokeo yalichapishwa Januari 2024: watoto sita walitibiwa, na watano wakapata usikivu. Ni jambo kubwa kwelikweli. Ila ni uziwi wa aina moja, wa kuzaliwa nao, ambao ni sehemu ndogo tu ya uziwi wa kurithi.

Baba yako tatizo lake ni jingine. Seli zake, hasa zile za sauti nyembamba, zimekufa kwa miaka ya dizeli. Kanuni zetu za kelele kazini za mwaka 2005 zinataka mfanyakazi asizidishiwe desibeli 90 kwa saa nane, lakini ni nani aliyewahi kupima kelele ndani ya boti? Irabu ni sauti nzito na hubaki. Konsonanti kama s, t na f ndizo hupotea mwanzo. Ondoa hizo katika "sita" na "tisa" uone kinachobaki: i na a, kwa yote mawili. Mzee hakukosea, aliziba pengo kwa kukisia.

Kuziotesha seli upya ndiyo ndoto. Ndege huziotesha, jambo lililothibitishwa mwishoni mwa miaka ya 1980, na tangu hapo wanasayansi wanatafuta ni kwa nini sisi hatuwezi. Kampuni moja ya Marekani ilijaribu dawa ya kudungwa sikioni, iliyoitwa FX-322, na mapema mwaka 2023 jaribio lake kubwa likashindwa kuonyesha nafuu kuliko sindano isiyo na dawa. Kwa hiyo atakayemuuzia mzee kidonge cha kuotesha usikivu mwaka huu, anauza kisichokuwepo.

Kilichopo ni vifaa vya kusikia. Utafiti wa Marekani wa mwaka 2023 ulifuatilia watu 977 wa miaka 70 hadi 84 kwa miaka mitatu. Kwa jumla, vifaa havikuonyesha tofauti katika kupungua kwa akili. Lakini katika kundi lililokuwa na hatari zaidi, ambao wengi wao walikuwa na maradhi kama presha na kisukari, kasi ya kupungua ilikuwa chini kwa asilimia 48. Nisingejenga nyumba juu ya matokeo ya kundi moja ndani ya utafiti, ila nisingeyapuuza pia.

---

Maalim mstaafu (Mkomani, Lamu)

Mimi ninavaa vifaa hivyo mwaka wa nne sasa, na sitaki kumpamba mtu maneno. Siku ya kwanza nilisikia kanzu yangu mwenyewe ikichakarika nikadhani kuna mtu nyuma yangu, na kijiko katika kikombe cha kahawa kilinikera hata nikavivua. Fundi alinishauri nivae saa mbili, kisha tatu, nisivitupe kabatini. Ilichukua wiki sita kabla sijaweza kufuata mazungumzo barazani, na harusini mpaka leo nashindwa.

Hewa yetu ya bahari ndiyo adui. Usiku viwekwe ndani ya chupa yenye kifuniko pamoja na vile vifuko vya chembechembe vinavyonyonya unyevu, ambavyo huja ndani ya masanduku ya viatu. Betri zake hupumua hewa: ukiisha kubandua karatasi yake, iache dakika moja kabla ya kuitia, na ukishaibandua imeanza kuliwa hata usipoitumia. Na kabla ya yote, mwangalieni nta. Si jambo la aibu.

---

Mwana wa Langoni (Lamu)

Nimerudi baada ya wiki saba, na ninaona ni haki mjue yaliyotokea.

Tulipeleka mfuko kwa mfamasia wa hapa, akamwaga dawa zote juu ya karatasi nyeupe. Ilikuwa kama alivyosema ndugu yetu wa Shela: amlodipini miligramu 10 katika sanduku la bluu, na miligramu 5 nyingine ndani ya ule mchanganyiko. Aliandika barua ya nusu ukurasa kwa daktari, na daktari, ambaye nilihofia atakasirika, aliisoma mara mbili, akaondoa ile ya peke yake pamoja na betahistini. Furosemaidi ilifuata wiki mbili baadaye miguu iliporudi hali yake, na mzee sasa analala. Presha ilipanda kidogo hadi 148 kwa 88, ndipo akaongeza losatani, na kipimo cha mwisho ni 136 kwa 80. Asipirini alikataa kuiondoa mpaka apate kipimo cha umeme wa moyo, kwa hiyo dawa ya tumbo nayo imebaki. Kopo la ginko baba mwenyewe amekataa kuliachia kwa kuwa lilisifiwa na mwenzake wa Faza, lakini amekubali kuwa likiisha halinunuliwi jingine. Kwa jeneriki, mwezi huu nimelipa shilingi 1,500.

Masikio tulikwenda kuyapima Mombasa. Sikio la kushoto lilitolewa nta kama kokwa ya tende, na baba akacheka kwa sauti humo chumbani. Hata hivyo mchoro wa kipimo unateremka upande wa sauti nyembamba kama ngazi za gati maji yakitoka, masikio yote mawili, na tumeambiwa nta ilikuwa sehemu ndogo tu ya tatizo. Vifaa viwili tulivyotajiwa ni shilingi 130,000. Kwa ninachookoa sasa, ni karibu miezi 22, nami nimeanza kuweka. Vilevile tunajaza fomu za Baraza la Kitaifa la Watu Wenye Ulemavu, kwa kuwa lina mfuko wa vifaa saidizi, na huko sitarajii haraka.

Maalim, samahani nikusumbue: vifaa tulivyoonyeshwa hutumia betri za namba 13. Kisiwani hapa zinapatikana?

---

Maalim mstaafu (Mkomani, Lamu)

Hazipatikani kwa uhakika. Zangu ni hizohizo, zenye kibandiko cha rangi ya chungwa, na huletewa kwa basi kutoka Mombasa kila baada ya miezi miwili. Tazama tarehe ya kwisha muda kabla ya kulipa, kwa maana dukani hukaa sana. Vifaa vya mzee vitakapofika, pita nyumbani na yeye mwenyewe, baada ya alasiri, nimwonyeshe namna ya kuvisafisha; mkono wa mtu wa makamo yetu hautii kitu kidogo vile mara moja.